Punje Kumi na Moja

Jumapili, tarehe 9 Oktoba 1977. Asubuhi kulikuwa na jua la kuanikia nafaka ya wimbi, na saa nane ikanyesha mvua ya mawe, si nyingi, lakini ya kutosha kutoboa majani ya migomba. Nimerudi kutoka Marani na viatu mkononi. Dada yangu yuko jikoni anachambua mboga. Ameniuliza mara moja tu, "Ulimpata?" Nimesema nilimpata. Mengine sijamwambia. Nataka kwanza niandike, kwa sababu nikisema kabla ya kuandika huwa naongeza chumvi, na habari hii haitaki kuongezwa wala kupunguzwa.

Naandika juu ya mzee ambaye pale Mosocho tulimwita Mwandishi. Jina analo, na watoto wake wanalitumia, ndiyo maana naliacha. Sitaki libebe kitu ambacho labda mimi sikukielewa vizuri.

Tulikaa naye veranda moja zaidi ya miaka kumi, mbele ya duka la chumvi na mafuta ya taa. Mimi na cherehani yangu upande wa kulia, yeye na meza yake upande wa kushoto. Mimi niliachia shule darasa la nne, nikafundishwa kushona na masista wa misheni. Yeye alikuwa akituma habari za huku kwetu kwa gazeti moja la Kiswahili la Nairobi. Aliandika, akafunga bahasha, akampa utingo wa basi la asubuhi. Baada ya siku tatu nne, gazeti likiletwa na basi hilo hilo, tulijua kama habari imetoka au imefia njiani.

Alikuwa na koti moja la kahawia ambalo nimelibadilishia kola mara tatu. Alikuwa na swali moja pia, na hilo halikubadilishwa kitu. Mtu akija mbio na jambo, Mwandishi alimtazama juu ya miwani na kumuuliza, "Uliona au ulisikia?"

Siku moja muuza ndizi mmoja, mama mwenye sauti ya kufika ng'ambo ya mto, alikuja akilia kwamba daraja limekatika na basi limechukuliwa na maji na watu wote.

"Uliona au ulisikia?"

"Nimesikia kwa shemeji yangu!"

"Mlete shemeji."

Shemeji akaletwa. Yeye naye alisikia kwa mchunga ng'ombe. Mchunga ng'ombe akaletwa, akasema aliona basi limekwama kwenye matope na abiria wanalisukuma huku wakimtukana dereva. Mwandishi akaandika hivyo: basi lilikwama. Muuza ndizi alikasirika kama mtu aliyeibiwa. "Wewe mzee unaharibu habari nzuri," akamwambia.

Alikuwa Msabato wa kweli. Ijumaa jua likiinama alifunga kalamu ndani ya kitambaa, na hakuigusa tena mpaka Jumamosi jua lizame. Wanasiasa walilijua hilo, na wale waliotaka kusema maneno makali waliyasema Jumamosi. Hawakujua habari ya mahindi. Alitoka kanisani na suti na Biblia, akapitia mkutanoni, mfuko wa kushoto umejaa punje za mahindi na wa kulia mtupu. Kila watu kumi, punje moja inahama. Jua likishazama, alizimwaga mezani akazipanga.

Nilimwambia siku moja, "Mzee, hiyo si kazi?"

"Fundi, kuhamisha mahindi kutoka mfuko huu kwenda huu? Hata kuku hawezi kuiita kazi."

Sisi Wakatoliki hatuna ujuzi wa mambo hayo, nikaendelea kushona.

Soda ya mwanasiasa hakuinywa. Akiletewa, aliisukuma taratibu mpaka upande wangu wa veranda, na mimi, nasema kweli, niliinywa. Lakini Landrova ya mwanasiasa aliipanda mvua ikinyesha. Nilimuuliza tofauti iko wapi. Alifikiri sana, akasema, "Soda inaingia ndani yangu. Gari, mimi ndiye ninaingia ndani yake." Mpaka leo sijui kama hilo ni jibu. Siku ile niliona ni jibu.

Kila alichokituma alikiandika juu ya karatasi ya kaboni, abaki na nakala. Gazeti likija alikata ile habari yake ilivyochapishwa, akaibana pamoja na nakala kwa pini, na pini hizo alizitoa kwenye kopo langu. Akaweka katika sanduku la bati. Gazeti lililobaki alinipa mimi nikatie mitindo. Fundi yeyote anajua, kitambaa hakikatwi kwa kubahatisha. Unakata kwanza mgongo na mikono kwenye gazeti, kisha unaliweka juu ya kitambaa. Nimepitisha mkasi kwenye shingo za wakubwa wengi bila nia mbaya yoyote.

Miaka ile ya kwanza sanduku lilikuwa kichekesho chetu. Mheshimiwa mmoja alikuja siku ya mvua, watu wakajikunyata chini ya mapaa ya maduka. Mwandishi alihamisha punje kumi na nne, na humo aliwaweka hata waliokuwa wakingojea basi. Gazeti likaja: maelfu wafurika. Wiki iliyofuata akaja mpinzani wake siku ya soko, uwanja ukajaa mpaka watu wakapanda juu ya ua wa josho la ng'ombe, mfuko wa kushoto ukaisha mahindi kabla watu hawajaisha. Akaandika, akatuma. Haukutoka hata mstari mmoja.

Muuza ndizi hakuiacha nafasi hiyo. "Mwandishi! Hao maelfu walilala kwa nani? Kwangu hawakuja, na mimi nina nyumba kubwa!"

Watu wakacheka. Mwandishi akafungua sanduku, akatoa nakala. "Hii hapa. Nimeandika mia moja na arobaini. Soma mwenyewe."

"Mimi nitasoma nini, mzee? Sijui kusoma."

"Basi mimi na wewe tuko sawa," akasema, "sote tunangoja basi la Nairobi."

Siku hizo alikuwa akicheka. Aliweka nakala na gazeti kando kando, akazungushia kwa penseli kila neno lililobadilishwa, kama mwalimu asahihishaye mtoto mzito.

Sikumbuki ni lini aliacha kuzungushia. Nimefungua madaftari yangu ya zamani kutafuta siku yenyewe na sikuipata, kwa hiyo labda haikuwa siku moja. Ninachokiona katika daftari ni gari. Mwandishi alikuwa ameandika kwamba zahanati moja haina dawa miezi miwili, na gazeti likaitoa, ndogo, chini kabisa. Ndipo wakaja wanaume wawili na gari safi. Walisalimu vizuri. Mmoja aliinua ile karatasi ya kaboni, akaishika juu mwanga wa jua upite, akaisoma kwa nyuma. Maneno yao ya mwanzo sikuyasikia kwa kelele ya cherehani, kwa hiyo siyaandiki. Nilipoinua mguu nilisikia haya tu:

"Unaandika vizuri, mzee. Una watoto wangapi shuleni?"

"Watatu."

"Hongera sana."

Wakaenda. Hawakumgusa. Nataka niwe wa haki: hawakumtisha kwa neno lolote nililolisikia.

Baada ya hapo alikuwa mtu wa kukaa kimya mchana. Siku moja aliniangalia nikikunja upindo wa sketi ya mteja aliyekuwa ameirudisha mara ya tatu, akitaka fupi zaidi.

"Fundi, akija na kitambaa kingine, utakata kirefu?"

"Nikate kirefu nisumbuke? Nitakata kifupi tangu mwanzo."

"Na akikuuliza nani alifupisha?"

"Si yeye?"

Akatikisa kichwa, akarudi kwenye karatasi zake. Mimi nilidhani tunaongea habari za sketi.

Sasa nifike kwa dada yangu.

Dada ni mkubwa wangu. Aliolewa na mkamuaji wa ng'ombe katika shamba la mzungu huko Nyansiongo. Mzungu alipoondoka, familia za wafanyakazi zilibaki, zikalima, zikaahidiwa kugawiwa, hata zikapewa vikaratasi vyenye muhuri. Halafu akatokea mkubwa mmoja na shamba likawa lake. Ijumaa moja mchana, mwaka wa sitini na nane, vijana wenye marungu waliteremka kutoka kwenye lori wakashusha mabati. Jumamosi alfajiri dada alifika kwangu na mumewe, watoto wawili na sufuria.

Nilimpeleka moja kwa moja kwa Mwandishi. Tulimkuta amevaa suti ya kanisani. Akamuuliza dada, kama alivyomuuliza kila mtu, "Uliona au ulisikia?"

Dada akasema, "Nilikuwa ndani, mzee, bati likitolewa. Niliona mbingu."

Hakwenda kanisani siku hiyo. Alisema kuwatazama walio katika shida kunaruhusiwa, akapanda basi na sisi mpaka Nyansiongo. Lakini ilikuwa Sabato, kwa hiyo hakuchukua daftari wala kalamu. Alipita kwenye viwanja vile polepole, mikono nyuma. Kila alipokuta mafiga ya jiko bila nyumba juu yake aliinama, akaligusa jivu, akahamisha punje moja. Mahali pamoja jivu lilikuwa bado na moto ndani. Mahali pengine kuku alikuwa amelalia mayai kwenye kona isiyokuwa tena kona ya kitu chochote. Mwisho alinionyesha kiganja: punje kumi na moja. Mara hii punje moja haikuwa watu kumi. Ilikuwa nyumba.

Na hapa kuna kosa langu, naliandika bila kulipaka rangi. Ndani ya basi tukirudi nilimshika mkono wa koti nikamwambia, "Mzee, usiweke majina. Watamfuata dada kwangu."

"Bila majina Nairobi wataisukuma habari wanakotaka, fundi."

"Nakuomba."

Akasema sawa.

Jumatatu aliandika hapo pembeni yangu, muda mrefu. Nilimwona akichana karatasi moja. Sikumwomba anisomee. Mimi na darasa langu la nne, ningemkagua nani?

Alhamisi gazeti likaja. Mistari minne: familia chache zilizokuwa zikiishi bila idhini katika shamba moja Nyansiongo zimehama kwa hiari yao, na wakazi wameombwa kuunga mkono maendeleo. Nilimwekea juu ya meza. Alisoma, akavua miwani.

"Unajua Nairobi wanavyokata," akasema.

Nilimwamini. Nilimhurumia hata. Leo nimeyapima maneno yale upya. Hakusema kwamba wamekata. Alisema najua wanavyokata.

Shemeji na dada walipeleka vikaratasi vyao vya muhuri kwa karani anayeshughulikia mambo ya ardhi. Karani alifungua faili akatoa kipande cha gazeti. "Mlihama kwa hiari. Imeandikwa. Gazeti liwasingizie ninyi kwa nini, linawajua?" Walirudi tena mara mbili, na mara zote mbili kipande kilikuwa kwenye faili kikiwangoja. Shemeji alifariki miaka mitatu baadaye. Sisemi aliuawa na gazeti. Daktari alisema ni kifua.

Tangu hapo dada anaishi kwangu, maana mume wangu yuko Kericho kwenye majani chai na nyumba ina nafasi. Na tangu hapo tuna ugomvi mmoja mdogo ambao hauishi. Yeye anasema, "Huyo mzee wako ndiye aliyeandika." Mimi nasema ni Nairobi. Yeye anasema, "Nairobi walitujua lini?" Kisha tunaendelea kumenya ndizi.

Mwandishi aliacha veranda mwaka juzi. Macho yalifunikwa na utando, akaenda kukaa kwake Marani. Wiki hii mkaza mwanawe alinipa ujumbe: mzee anataka fundi mwenye macho. Nilijua ni kola. Leo baada ya misa nikachukua sindano na uzi nikaenda.

Hakukuwa na koti. Kulikuwa na sanduku la bati juu ya kigoda.

"Soma," akasema. "Ya juu, halafu ya chini. Anza na za zamani."

Ya juu ilikuwa nakala yake, ya chini ni gazeti. Nikasoma. Tulifika kwa wale maelfu tukacheka, yeye mpaka akakohoa. Tukaendelea mwaka baada ya mwaka. Kisha nikaanza kudhani macho yangu yanaruka mistari, kwa sababu ninachosoma chini nilikuwa nimekwisha kukisoma juu, neno kwa neno.

"Mzee, hapa hawakukata."

"Endelea."

"Na hapa hawakukata."

"Endelea, fundi."

Alama za penseli hazikuwepo tena. Pini zilikuwa zangu zote. Nikafika mwaka wa sitini na nane, nikasoma ya juu, mwandiko wake mwenyewe, ule ubuluu wa kaboni: familia chache zilizokuwa zikiishi bila idhini. Ya chini sikuisoma. Hapo ndipo mvua ya mawe ilipoanza kupiga bati, na kwa muda hakuna mtu angesikia kitu. Nilimtazama, naye kwa vile haoni, alikuwa ameelekeza uso pembeni kidogo, kwenye mlango.

Mawe yalipopungua akasema, "Umeona?"

"Nimeona."

"Niliandika ya kweli kwanza. Ukurasa na nusu. Nikaisoma, nikajua itarudi imekunjwa. Nikaikunja mimi. Watoto walikuwa watatu shuleni." Kisha akapunga mkono kama anayefukuza nzi. "Hapana, hilo liache. Wako waliokuwa na watoto wakaandika."

Nilitaka kukasirika. Njia nzima ya kurudi nimeitafuta hasira hiyo na sikuipata yote. Nikamwambia, "Na mimi nilikuambia uondoe majina."

"Wewe uliondoa majina," akasema. "Hukuondoa marungu."

Akamwita mkaza mwanawe alete karatasi na kaboni, akaniambia niandike, yeye atasema. Nikamwambia mwandiko wangu ni wa kuandika vipimo vya viuno. Akasema wake siku hizi unapanda ukutani. Basi akasema, nami nikaandika. Ijumaa, mchana. Lori moja. Vijana wenye marungu. Mabati yakashushwa watu wakiwa ndani. Vikaratasi vya muhuri walikuwa navyo. Nyumba kumi na moja; sikumkumbusha, alisema mwenyewe. Jivu lenye moto. Kuku na mayai yake. Mwisho akasema, "Haya niliyaona." Akatia sahihi, ikateleza ikatoka nje ya mstari.

"Gazeti hawataitoa," nikasema.

"Siipeleki gazetini. Ya juu ni ya dada yako. Nakala ibane hapo juu ya ile nyingine, kwa pini."

Nikaibana. Akauliza kama mawe yameharibu majani chai, nikamwambia ya kwake yamepona, na hilo ni kweli kwa yale niliyoyaona kutoka mlangoni.

Nilipofika kuandika hapo nimeweka kalamu chini nikaenda jikoni kumsomea dada karatasi ya mzee. Sasa naendelea.

Alisikiliza bila kuacha mboga. Nilipomaliza akasema, "Rudia pale pa nyumba." Nikarudia.

"Kumi na moja. Kwa hiyo alikuwa anajua."

"Alikuwa anajua."

"Nilikuambia."

"Uliniambia."

"Miaka tisa, wewe."

"Ndiyo."

Kisha akauliza, "Mbona majina hayamo?" Nikamwambia kwa nini, na kwamba ni mimi. Aliniangalia kwa muda ambao sikuupenda. Halafu akapangusa mikono. "Lete kalamu."

Akataja, akihesabu kwa vidole vyenye majani mabichi, nami nikaandika nyuma ya karatasi. Kwanza mume wake, marehemu. Pili Nyaboke na wanawe. Tatu yule mzee wa mguu mmoja, na jina lake kamili. Alifika kumi bila kusita. La kumi na moja likamkataa. "Ni yule bibi mwenye kuku," alisema, "bibi mweusi mwembamba, alikuwa akiniazima ungo." Akaweka sufuria motoni, maji yakachemka, akamimina unga, na katikati ya kusonga akasimama na mwiko juu akasema, "Moraa!" kwa sauti kama anamwita kutoka ng'ambo ya boma. Nikaandika Moraa.

Kesho anaipeleka kwa karani. Nimemwambia huenda ni karani yule yule. Amesema vizuri, basi hatahitaji kujieleza tangu mwanzo. Sijui kama itasaidia. Nitakwenda naye, cherehani ilale siku moja.

Tumekula ugali wa wimbi na ile mboga ya chinsaga iliyopikwa kwa maziwa. Ilikuwa chungu kidogo, dada alikuwa ameisahau motoni, na tumeimaliza yote.